Siri ya Nyumba ni ya Nani?

Nimenyamaza wiki tatu, na naona nikiendelea kunyamaza nitahesabiwa kuwa nimekubali. Basi leo naandika. Wa kukasirika na akasirike, karatasi haijampiga mtu.

Chanzo mnakijua ninyi mliokuwepo. Jumamosi ile dada mmoja wa kikundi chetu alisoma hadithi yake, kurasa nne za daftari: mtoto wa miaka tisa, mjomba aliyekuja kukaa nyumbani "kwa muda tu", na chandarua. Hamna tusi mle. Hamna hata neno moja ambalo usingelisoma mbele ya mama yako. Mtoto anahesabu matundu ya chandarua mpaka kunakucha, basi. Alipomaliza tukawa kimya. Kisha kaka mmoja, mtunzi mzuri ninayemheshimu, akasema maneno ambayo wengi mliyatikisia vichwa kuyakubali. Kwamba mambo ya namna hiyo yana vikao vyake, vikao vya ukoo. Kwamba fasihi si kamba ya kuanikia nguo za ndani. Kwamba mwandishi chipukizi aandike mambo makubwa, historia, utumwa, ukoloni, vita, asitulilie vidonda vyake.

Na mimi je? Mimi nilisema lugha yake imekosa madoido. Ndiyo, jamani, ndivyo nilivyosema. Mtu kasoma jambo lile, nami nikamdai tamathali za semi! Dada aliondoka kabla ya chai, daftari akaliacha kwenye benchi. Hajarudi.

Sitamtetea yeye, maana hakunituma. Nataka kuigusa hoja yenyewe, kwa sababu hoja imeoza na bado tunaipakua kama chakula cha leo.

Nina mfano, na mfano wangu ni wa mbali. Najua mtakachosema kuhusu umbali huo, tutafika huko. Palikuwa na msanii mwanamke aliyeitwa Niki de Saint Phalle. Alizaliwa Ufaransa mwaka 1930, baba mwenye benki na jina la kikabaila, mama Mmarekani, watoto wakalelewa New York katika adabu za Kikatoliki na shule za masista. Nyumba ya heshima, kama nyumba zote za hadithi hizi. Kwenye shule moja aliyosoma palikuwa na sanamu zilizofunikwa sehemu za siri kwa majani ya mtini, yeye akayapaka majani yale rangi nyekundu. Akafukuzwa. Hakuna aliyejiuliza kwa nini binti wa umri ule aone wekundu mahali pale pale ambapo wengine wanaona jani. Alikuwa mtundu, imeisha hiyo.

Mwaka 1942, akiwa na miaka 11, baba yake mzazi alimnajisi. Aliyasema hayo hadharani mwaka 1994 katika kitabu kidogo, Mon Secret, yaani Siri Yangu, alichokiandika kwa mkono wake kama barua kwa binti yake. Hesabu wewe mwenyewe: miaka 52. Bibi mzima, ana jina, sanamu zake zimesimama kwenye viwanja vya miji, ndipo anamwandikia mwanawe.

Sasa turudi kwa huyu kaka yetu na "vikao vyake". Twende kwenye kikao. Mwaka 1953 binti yule, sasa ameolewa na ni mama, picha yake imeshatoka kwenye jalada la Life mwaka 1949, alivunjika akili, akalazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili kule Nice. Wakampiga shoti za umeme kichwani. Nadhani mnajua, au mnaweza kukisia, matibabu yale yalivyokuwa yakiacha kumbukumbu ya mtu: kama jamvi lililoliwa na mchwa. Baadaye, anavyosimulia mwenyewe kitabuni, baba akamwandikia barua. Baba mwenyewe! Akakiri kwa kalamu yake. Yule daktari aliyekuwa akimtibu alipoisoma barua aliitia moto, akamwambia binti kwamba baba ndiye aliyechanganyikiwa, jambo kama hilo haliwezekani.

Hapo nataka mkae kidogo. Tumezoea kusema "alisahau", kana kwamba kusahau ni usingizi, unakuchukua tu. Mtoto mdogo, muda umepita, akasahau. Uongo! Kusahau kule kulikuwa kazi, na kazi hiyo ilikuwa na wafanyakazi wake: masista na shule yao, umeme wa hospitali, daktari mwenye koti jeupe na njiti ya kiberiti. Mhusika amekiri kwa maandishi, na mtaalamu anachoma ushahidi kwa sababu hauwezekani. Kikao cha ukoo unachokisifu wewe, ndugu yangu, kwa kawaida kinakwenda hivyohivyo, isipokuwa hatuna haja ya kiberiti maana hatuandikiani barua. Anaitwa mzee mmoja, anasema "yaishe", soda zinagawiwa, mjomba anahamia Morogoro.

Basi tuje kwenye hayo "mambo makubwa", maana hapa ndipo hoja ya kaka inapojifunga kamba miguuni.

Mwaka 1942 huohuo, mwezi wa Julai, ng'ambo ya bahari kule Paris, polisi wa Ufaransa, nasema polisi wa Ufaransa wenyewe, walikamata Wayahudi zaidi ya 13,000 kwa siku mbili, watoto zaidi ya 4,000 wakiwamo, ili wapelekwe kambi za mauti za Wajerumani. Serikali ya Ufaransa ilikiri lini kwamba dola lao lilishiriki? Mwaka 1995, kwa kinywa cha Rais Jacques Chirac. Miaka 53! Nyumba ya yule benki na dola la Ufaransa wamekaa na siri zao takribani muda uleule, na bibi mgonjwa wa mapafu ameitangulia serikali kwa mwaka mmoja.

Sisemi kwamba makosa hayo mawili yana uzito mmoja. Mtu atakayenisoma hivyo amenisoma vibaya. Ninachosema ni kwamba ukimya una fundi mmoja. Ukitaka kujua taifa linavyozika jambo, angalia nyumba inavyozika lake: mwenye cheo anaaminiwa, karatasi zinapotea, aliyeumia anaitwa mwongo au mwehu, na anayeuliza anaambiwa anavunja umoja. Tofauti ni idadi ya makoleo tu.

Na si bahati kwamba Niki de Saint Phalle alipoanza kufyatua, alifyatua kwenye vyote viwili.

Ndiyo, kufyatua. Tarehe 12 Februari 1961, kwenye kichochoro kimoja cha wasanii Paris kinachoitwa Impasse Ronsin, alitengeneza ubao, akapachika vitu juu yake, akaficha vifuko vya rangi ndani, akavifunika vyote kwa plasta nyeupe. Pee! Safi kama shuka la harusi. Kisha wakachukua bunduki wakaupiga risasi. Kila risasi ilipopasua kifuko, rangi ikatiririka juu ya ule weupe. Mchoro ukawa unatoka damu. Waliitwa na watu wengine waje wapige, na picha ikakamilika kwa kujeruhiwa. Mfululizo huo uliitwa Tirs, yaani mapigo ya risasi, na uliendelea hadi mwaka 1963.

Alikuwa akimpiga nani? Magazeti yalimwona binti mrembo mwenye bunduki, yakapata picha ya kuuza. Yeye baadaye aliandika orodha: baba, wanaume wote, kaka, Kanisa, shule, familia, mama, mpaka yeye mwenyewe. Hakuwa na shabaha moja. Na Paris ya mwaka ule, bwana, ilikuwa Paris ya vita vya Algeria. Tarehe 17 Oktoba 1961 Waalgeria walioandamana kwa amani kupinga amri ya kutotoka nje usiku walipigwa na polisi, wengine wakatupwa Mto Seine. Serikali ikakiri vifo vya kuhesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Wanahistoria waliokuja kuchimba baadaye wametaja zaidi ya 100. Mkuu wa polisi wa Paris alikuwa Maurice Papon, mtu yuleyule aliyekuja kutiwa hatiani mwaka 1998 kwa kushiriki kuwahamisha Wayahudi wa Bordeaux katika miaka ya vita. Mnaona? Mikono ni ileile. Aliyezoea kufunika la 1942 anafunika la 1961 bila jasho.

Mwaka 1962 msanii wetu akatengeneza altare ya kanisa, misalaba kwa bastola, yote kwa rangi ya dhahabu, akaipa jina la O.A.S., lile jeshi la siri la Wafaransa waliokuwa wakitega mabomu ili Algeria isipate uhuru. Msalaba na bastola kwenye altare moja. Mtoto aliyefunzwa na masista, aliyenajisiwa na baba anayekwenda misa, alihitaji kusoma vitabu vingapi vya siasa ili aelewe altare ile? Alikuwa ameshaisoma nyumbani.

Kwa hiyo unapomwambia dada yetu aache kidonda chake aandike historia, unamwambia aache shule pekee aliyosoma historia mpaka mwisho.

Haya, mtasema: huyo Mzungu. Ana benki, ana Paris, ana bunduki ya kuchezea. Sisi tuna mila. Mimi hoja hiyo ya mila inanichekesha, hasa ikitoka kwa waandishi wa Kiswahili. Nani aliandika Rosa Mistika? Euphrase Kezilahabi, mwaka 1971, kijana wa miaka 27, wakati ambapo kila aliyeshika kalamu alitazamiwa kuandika juu ya Ujamaa. Na yeye akaingia wapi? Akaingia ndani ya nyumba ya Zakaria, baba anayempiga binti yake kwa sababu ya barua ya mvulana. (Ajabu barua zinavyotufuata katika habari hii. Moja inachomwa, nyingine inampatia mtoto kipigo.) Kitabu kilipigwa marufuku shuleni kwa muda, kikaonekana ni uchafu. Leo nani anakumbuka waliokipiga marufuku? Kitabu kipo. Na kama unataka mambo makubwa na kidonda ndani ya jalada moja, chukua Afterlives ya Abdulrazak Gurnah, Mzanzibari aliyepata Nobel mwaka 2021. Riwaya ile ya mwaka 2020 ina vita vya Wajerumani na askari wao kwenye nchi hii hii yetu, na ina mtoto Afiya anayevunjwa mkono na mtu mzima anayemlea, kwa kosa la kujua kuandika. Kujua kuandika, jamani! Atokee mtu aniambie katika riwaya ile historia inaishia wapi na nyumba inaanzia wapi.

Kwa hiyo mila msinitajie. Mila yetu ya maandishi ilishavunja mlango huu zamani. Sisi ndio tunaorudi kuufunga.

Lakini nisije nikaeleweka kuwa nimehamia upande wa pili, wa wale wanaosema sanaa ni dawa. Hao nao wananikera, pengine zaidi. Mmewaona kwenye semina: siku mbili, kalamu za rangi, chora maumivu yako, piga makofi, posho, picha ya pamoja. Kana kwamba mtu akishachora amepona, na asipopona basi hakuchora vizuri! Saint Phalle alipiga risasi mwaka 1961, akatengeneza filamu Daddy mwaka 1973 akimzika baba kwa kejeli ambayo ni ngumu kuitazama, akajenga wanawake wakubwa wa rangi wanaocheza, akajenga bustani nzima ya masanamu kule Toscana, Italia, akalala na kula ndani ya sanamu mojawapo wakati wa ujenzi, bustani ikafunguliwa kwa umma mwaka 1998. Na bado, baada ya hayo mengi, mwaka 1994 alikuwa hajamaliza, ilibidi aandike. Hiyo ni dozi gani? Tena ile poliesta aliyokuwa akiichonga na kuikwangua ilimharibu mapafu. Alihamia California kutafuta hewa, akafa huko mwaka 2002. Sanaa ilimla kifua. Mtu anayeuza sanaa kama kidonge cha usingizi angemwuliza kwanza bibi huyu.

Na risasi zenyewe aliziacha kwa sababu alianza kuzinogewa. Alisema mwenyewe kwamba kupiga kulikuwa kumemshika kama ulevi. Akaacha. Mimi namheshimu kwa kuacha kuliko kwa kuanza. Kuna waandishi kwetu walioandika kilio kimoja kizuri, wakashangiliwa, wakawa wanakirudia kila toleo mpaka kimekuwa kazi ya ofisini.

Wala sikubaliani na kila alichofanya. Mwaka 1960 aliondoka akawaacha watoto wake wawili kwa baba yao ili afanye sanaa. Wanaume wamefanya hivyo karne zote hakuna aliyewatia kwenye insha, najua, lakini mtoto aliyeachwa hajali takwimu za jinsia. Na filamu ile ya Daddy ilitoka baba akiwa ameshakufa. Maiti hajibu. Hili ni jambo zito, kaka yetu angelisema Jumamosi ile ningemsikiliza: je, ni haki kumshitaki mtu asiyeweza kusimama? Jibu langu ni kwamba alipokuwa hai alisimama. Alikiri kwa barua. Waliomzuia kujibu ni wale waliochoma jibu lake. Lakini si kila kesi ina barua, na mwandishi anayetaja jina la mtu halisi ajue anabeba nini. Dada yetu hakutaja jina. Mjomba wa hadithi yake hana hata sura, ana viatu tu, mlangoni.

Kuna jambo jingine lililonikaa rohoni, nalo linatugusa sisi tunaojiita wahakiki. Kitabu cha 1994 kilipotoka, wasomaji wengi wa kazi zake walipata ufunguo. Aha, kumbe! Bunduki ni baba. Joka ni baba. Kila sanamu ikafunguliwa kwa ufunguo mmoja, wakaenda kulala. Huo nao ni uchomaji wa barua, tofauti ni kwamba huu unafanywa kwa tanbihi. Kwa miaka zaidi ya 30 kazi zile zilikuwa zinasema jambo kwa yeyote mwenye macho: kwamba chini ya weupe kuna kitu kinachotoka damu. Hawakuwa wanahitaji siri ndipo waone. Walihitaji siri ili jambo liwe lake peke yake, la yule bibi na baba yake, lisiwe la kwao.

Nasi tulifanya hivyohivyo. Hadithi ilipokwisha, kila mmoja wetu alikuwa anamtazama dada usoni kutafuta: ni yeye? Ilimtokea yeye? Hatukuuliza matundu ya chandarua yanahesabiwaje gizani. Yanahesabiwa kwa kidole, jamani. Ameandika, ukurasa wa tatu: kwa kidole. Nimesoma tena usiku nikaliona. Ndilo lile ambalo mimi, bingwa wa madoido, nilisema halimo. Plasta nyeupe yote imekaa pale, imelainishwa kwa mkono uliotulia, na kuna sehemu moja tu ambapo imepasuka. Ningeandika mimi ningepasua kila aya, rangi ingejaa sakafuni, watu wangepiga makofi.

Mtauliza basi nataka nini. Sitaki tuanze kuandika vidonda kwa foleni. Asiyetaka kusema asiseme. Saint Phalle alikaa miaka 52 na hakuna mwenye haki ya kumwambia alichelewa. Ninachokataa ni mtu mwingine, awe daktari au mzee wa ukoo au mwenyekiti wa kikundi cha fasihi, kumpangia mwenye kidonda kwamba hiki si kikubwa vya kutosha. Nani alimpa mizani? Aliyesoma kurasa nne mbele ya watu kumi na moja, mikono ikitetemeka (nilikuwa nimekaa karibu, niliona karatasi), alikuwa amefanya jambo ambalo serikali ya Ufaransa ililikwepa kwa nusu karne. Sisi tukamwambia lugha.

Ndugu mhariri, ukiona insha hii ni ndefu kata pale nilipozungumzia semina, usikate pale nilipojitaja mimi.

Kikao kijacho ni Jumamosi saa nane. Daftari liko kwangu, sijalitia kalamu hata nukta. Nimempelekea dada salamu kwa mtu kwamba nitakuja nalo, na kwamba akitaka kulichukua bila kukaa, sawa. Kaka yangu wa mambo makubwa naye aje. Nafasi ya kwanza kusema nitaiomba mimi, kwa sababu nina maneno ya kurudisha.